Barua kwa mwanangu: kabla hujaiandika laana ya Cleveland

Rehema mwanangu,

Salamu nyingi kutoka nyumbani, sote tu wazima. Sura yako ya kwanza nimeisoma na kalamu nyekundu mkononi kama ulivyoomba. Kiswahili chako hakijapinda hata kidogo, na hilo limenifurahisha. Ila kitabu cha michezo ya Cleveland umekianza na laana, ule usemi kwamba timu ya besiboli ya mji ule ilipatwa na mkosi ilipomwachia Rocky Colavito. Anzia kwingine.

Najua umeitoa wapi. Terry Pluto, mwandishi wa michezo aliyezaliwa Cleveland na kuyaandikia magazeti ya Akron na ya Cleveland miaka nenda rudi, alitoa The Curse of Rocky Colavito mwaka 1994, na shabiki wa huko akiulizwa kwa nini timu ilifungwa atakutajia laana. Kisome tena kitabu hicho polepole. Laana ni utani wa mlangoni. Ukishaingia ndani unakutana na wachezaji waliotolewa kwa bei ya hovyo, wenye timu wasio na fedha, na uwanja wa watu zaidi ya 70,000 uliokaa mtupu. Utani wake unachekesha kwa sababu chini yake kuna karatasi. Wewe umechukua utani, karatasi umeziacha.

Tazama lile tukio lenyewe. Tarehe 17 Aprili 1960, siku mbili kabla msimu haujaanza, meneja mkuu wa Cleveland, Frank Lane, alimpeleka Rocky Colavito kwenye timu ya Detroit na kumchukua Harvey Kuenn. Umeandika kwamba "walimtupa kipenzi cha mji" ukapita. Weka namba za wawili hao kando kwa kando. Mwaka 1959 Colavito alipiga homurani 42, yaani mipira inayovuka uzio, akalingana kileleni mwa ligi yao, American League, na Harmon Killebrew. Kuenn naye mwaka huohuo aliongoza ligi hiyohiyo kwa wastani wa kupiga wa .353, yaani mipigo 353 iliyofanikiwa katika kila mara 1,000 rasmi. Bingwa wa mipira inayovuka uzio alibadilishwa kwa bingwa wa mipigo ya uhakika, na kwa karatasi tu huo haukuwa wazimu. Wazimu ulionekana baadaye: Kuenn alicheza Cleveland msimu mmoja, akapelekwa San Francisco, ilhali Colavito alipiga homurani 45 akiwa Detroit mwaka 1961.

Sasa rudi nyuma siku tano. Tarehe 12 Aprili Lane alikuwa ameshampeleka Detroit kijana mwingine, Norm Cash, kwa kubadilishana na Steve Demeter. Demeter aliichezea Cleveland mechi nne, basi. Cash akaongoza ligi mwaka 1961 kwa wastani wa .361. Kwa maoni yangu kosa hili lilikuwa kubwa kuliko lile la Colavito, lakini mashabiki hawalilii kwa sababu Cash hakuwa amewahi kupendwa pale. Hapo ndipo sura yako inapotakiwa kusimama: jambo lililowauma watu na jambo lililoiharibu timu, ukiyapima yote mawili. Na usiseme Colavito ndiye aliyeondoka na watazamaji. Ni kweli walishuka kutoka karibu milioni 1.5 mwaka 1959 hadi chini ya milioni moja mwaka 1960, ila timu nayo ilikuwa imeshuka kutoka nafasi ya pili hadi ya nne. Timu ikishuka, watu hubaki nyumbani hata kama kipenzi chao yupo.

Kila mechi utakayoitaja, ithibitishe mwenyewe. Jedwali la mechi ya besiboli lina mizani kama daftari la duka, na wanaoandika vitabu kwa haraka hawaitumii. Upande mmoja jumlisha mara rasmi za kupiga, waliopewa besi kwa mipira minne mibaya, waliogongwa na mpira, na mipigo ya kujitoa ili mwenzio asogee. Upande wa pili jumlisha mikimbio (ndiyo pointi za besiboli) iliyofungwa, wakimbiaji walioachwa kwenye besi, na idadi ya waliotolewa. Pande mbili lazima zilingane. Timu ngeni katika mechi ya zamu tisa hutolewa mara 27. Kama ilifunga 5 na kuacha 8, wapigaji wake walisimama mara 40. Unaweza kukuta 35 rasmi, 4 za mipira minne na 1 ya kujitoa. Ukipata 39, mara nyingi gazeti limemdondosha mmoja aliyepewa besi kwa mipira minne au limekosea walioachwa kwenye besi. Timu mwenyeji ikiwa inaongoza baada ya zamu ya nane na nusu haipigi tena, kwa hiyo hesabu yake ni 24, wala usidhani jedwali lina kasoro. Tahadhari nyingine ni ya siku hizi: tangu 2020, katika mechi za kawaida za msimu, kila zamu ya nyongeza huanza na mkimbiaji aliyewekwa besi ya pili bila kupiga. Upande wa wapigaji utapungua mmoja kwa kila zamu ya namna hiyo.

Jifunze pia kusoma namba za wachezaji uwanjani, kwa sababu daftari za zamani hazina maelezo: 1 mrushaji, 2 mdakaji wa nyuma ya mpigaji, 3, 4 na 5 walinzi wa besi kwa mpangilio, 6 yule anayesimama kati ya besi ya pili na ya tatu, 7, 8 na 9 walinzi wa nje kuanzia kushoto. Ukiona 6-4-3, mpira ulichotwa na wa sita, akampa wa nne, naye akamrushia wa tatu kwenye besi ya kwanza, na wakatoka watu wawili. Hivyo unaweza kumwambia msomaji nani alishika nini bila kubuni.

Majedwali utayapata bure kwenye tovuti ya Retrosheet. Magazeti ni kazi zaidi. Plain Dealer lilitoka asubuhi, Cleveland Press mchana, na Press lilipofungwa mwaka 1982 hifadhi yake ilikwenda Cleveland State University. Soma yote mawili kwa kila mechi kubwa. La asubuhi lilikimbizana na mtambo, hivyo lina mchezo ulivyokwenda. La mchana lilikuwa na muda wa kuwauliza wachezaji, hivyo lina maneno yao. Tarehe ya gazeti la asubuhi ni ya siku moja baada ya mechi, na zamani timu zilicheza mechi mbili siku moja mara kwa mara, kwa hiyo "mechi ya Jumapili" haitoshi. Andika ya kwanza au ya pili. Kwenye ukurasa wako wa saba mpigaji wako amepiga homurani katika mechi mbili zilizochanganywa kuwa moja.

Ule usiku wa bia ya senti kumi, tarehe 4 Juni 1974, umeuandika vizuri, mpaka nimenusa bia yenyewe. Ila matokeo umeyakosea. Mechi ilikuwa 5–5 katika zamu ya tisa watu walipovamia uwanja, na waamuzi wakawapa wapinzani, Texas, ushindi wa 9–0. Hiyo 9–0 ni ya kanuni. Mipigo ya wachezaji inabaki kwenye rekodi kama ilivyotokea, kwa hiyo usishangae namba zao zikikataa kulingana na matokeo.

Mahojiano ndiyo yatakayokutoa jasho. Loose Balls, kitabu cha Pluto cha mwaka 1990 kuhusu ligi ya kikapu ya ABA iliyodumu kuanzia 1967 hadi 1976, kimejengwa kwa maneno ya wachezaji, makocha na wenye timu wenyewe, mmoja akidakia pale mwenzake alipoishia. Kinasomeka kama baraza, na vijana wengi wamejaribu kukiiga wakaanguka kwa sababu wanadhani kazi ni kunasa sauti tu. Nenda na jedwali la mechi limechapwa, lakini liache kwenye mfuko. Kwanza mwache mzee asimulie. Usimuulize alijisikiaje, atakupa jibu alilowapa wengine wote. Muulize alisimama wapi, nani alikuwa kulia kwake, kocha alisema nini kabla ya mpira ule. Kisha toa karatasi mezani. Karibu kila mara atasogeza mechi kwenye mwaka mwingine au atajipa mpira alioupiga mwenzake. Hadanganyi, miaka arobaini imepita. Maneno yake yaache yalivyo, na chini yake weka shahidi wa pili au namba. Simu moja ya kurekodia haitoshi, tumia mbili, maana ile moja itapigiwa katikati na kurekodi kutakatika. Saa moja ya mazungumzo itakula saa nne au zaidi kuiandika, hasa wakizungumza wawili kwa pamoja.

Upande wa Cavaliers, timu ya kikapu ya Cleveland, hesabu ni nyepesi. Dakika za wachezaji wa timu moja lazima zifike 240, na kila muda wa nyongeza unaongeza 25. Pointi za mchezaji ni vikapu vyote mara mbili, ongeza idadi ya vile vya tatu, ongeza mitupo huru iliyoingia. Angalia mwaka kabla hujahesabu: NBA ilianza mstari wa pointi tatu msimu wa 1979–80, kwa hiyo hakuna wa tatu katika mfululizo wa 1976 dhidi ya Washington, ule ambao Dick Snyder aliumaliza kwa 87–85 katika mechi ya saba pale Richfield, uwanja wa nyumbani wa Cavaliers. Kuzuia mipira na kuiba mipira kulianza kuhesabiwa rasmi msimu wa 1973–74. Mtu akikutajia namba za kabla ya hapo, si za rasmi.

Sura ya Ted Stepien, aliyewahi kuimiliki Cavaliers, irefushe. Mwenye timu aliyegawa nafasi zake za kuchagua chipukizi hadi ligi ikaweka kanuni ya kumzuia mwenye timu yeyote asibaki bila nafasi ya raundi ya kwanza kwa miaka miwili ijayo mfululizo, huyo anastahili kurasa kumi, na kanuni hiyo inafanya kazi mpaka leo. LeBron James mfupishe. Ushindi wa 93–89 dhidi ya Golden State katika fainali ya NBA tarehe 19 Juni 2016, baada ya kuwa nyuma kwa mechi 3–1, ameuona kila mtu, na Waswahili wa Akron, mji wake wa nyumbani, watakaokusoma wanaweza kuusimulia kuliko wewe.

Kuhusu jina la timu ya besiboli: andika Indians kwa misimu ya 1915 mpaka 2021 na Guardians kuanzia 2022. Usirudishe jina jipya nyuma hadi ubingwa wa 1948, rekodi zitakukataa, na msomaji akienda maktaba hataliona.

Sura ya pili itume pamoja na majedwali ya mechi zote ulizozitaja. Nitayapiga mahesabu mwenyewe kabla sijasoma hata sentensi moja.

Mama yako