Barua ya wazi kwa mdogo wangu anayechora manga ya mchepuko

Mdogo wangu mpendwa,

Hadithi yako ya mke wa mtu huko Tokyo anayempenda mfanyakazi mwenzake nimeipokea kwa moyo mweupe. Majarida ya manga, yaani katuni za Kijapani, ya wanawake watu wazima, kama Feel Young na Kiss, yamechapisha hadithi za namna hiyo miaka mingi, nyingine nzito kweli. Ombi langu ni moja: chora ndoa kwanza.

Rasimu nyingi huanzia hotelini. Msomaji hajaijua nyumba inayosalitiwa, basi anabaki kutazama miili tu. Katika kurasa 32, ndoa ipe nane hadi kumi. Mume kahamishiwa mji mwingine na kampuni, familia imebaki. Japani hilo ni la kawaida. Au wako chumba kimoja na hawagusani. Tangu 1994 wataalamu wa huko huhesabu mwezi mzima bila tendo, pasipo sababu maalumu, kuwa dalili ya ndoa iliyopoa. Usimpe mhusika maneno ya kulieleza hilo. Chora chakula cha mume kimefunikwa mezani, na mke anaosha bakuli lake peke yake.

Sasa tamaa. Manga husomwa kulia kwenda kushoto, kwa hiyo kisanduku cha mwisho kabla ya kufunua ukurasa kiko chini kushoto, kwenye ukurasa wa kushoto. Hapo weka vidole vinavyokaribia vidole vingine. Mguso wenyewe uwe juu kulia, baada ya kufunua. Ukiuweka ukurasa wa kushoto wa kurasa zilezile mbili, jicho litauona mapema na hamu yote imekwisha. Wanaochora kwenye kompyuta ukurasa mmoja mmoja huponzwa sana na hili. Fungua kurasa mbili pamoja kila unapopanga.

Kitandani usikae sana. Kifungu cha 175 cha sheria ya jinai ya Japani kinakataza kuuza michoro ya uchafu, ndiyo maana wachapishaji huziba sehemu za siri. Lakini hata bila sheria hiyo, shingo, pumzi na pete iliyovuliwa vina nguvu zaidi. Vivuli vya ngozi vifanye kwa toni, yaani kijivu cha vidoti vidogo, nyepesi ya asilimia 10. Kwa toleo la simu tumia kijivu kisicho na vidoti, maana vidoti vikipunguzwa ukubwa hutoa mawimbi mabaya usoni.

Na tafadhali, ondoa lile tukio la polisi. Uzinzi uliacha kuwa jinai Japani mwaka 1947, na kabla ya hapo sheria ilimwandama mke na mwanamume aliyezini naye. Mume aliyechepuka na mwanamke asiyeolewa hakuguswa. Leo mambo huishia kwenye talaka na fidia. Aliyesalitiwa anaweza kumdai mwenzi wake na yule mchepuko pia, na picha za wawili wakiingia na kutoka hotelini ni ushahidi mzito. Mchepuko hujitetea kwamba hakujua mwenzake ana ndoa, na wala hakuwa na namna ya kujua. Au husema ndoa ilikwisha kuvunjika kabla yake. Mahakama ya Juu ya Japani ilikubali utetezi huo wa pili mwaka 1996. Wakili atakapouliza hali ya ile nyumba, msomaji wako awe ameshaiona kwa macho yake katika zile kurasa kumi.

Nitumie rasimu ya penseli kabla hujaanza kupaka wino.