Hugo Weaving si Ajenti Smith peke yake

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi niwahimize waongozaji wa vikundi vya maigizo vya Unguja na Pemba wamtazame upya mwigizaji wa filamu Hugo Weaving. Vijana wetu wanamjua kwa miwani myeusi ya Ajenti Smith katika The Matrix (1999), au kama Elrond wa The Lord of the Rings, wakadhani kipaji chake ni kukunja uso. Somo lenyewe linawapita.

Weaving alizaliwa Ibadan, Nigeria, mwaka 1960, akahamia Australia 1976 na kuhitimu NIDA, chuo cha maigizo cha Sydney, 1981. Miaka mitatu baadaye alikuwa nahodha wa kriketi wa Uingereza, Douglas Jardine, katika tamthilia ya televisheni Bodyline. Tuzo za mwigizaji bora za Australia alizipata kwa sinema ndogo: Proof (1991), The Interview (1998) na Little Fish (2005). Aanzaye, aanze na hizo.

Katika Proof yeye ni mpiga picha kipofu, mkavu, asiyetaka kuhurumiwa. Huku kwetu anayeigiza kipofu hufumba macho na kupapasa hewa. Kipofu hapapasi nyumbani kwake. Kiti chake anakijua kilipo. Mfunge mwigizaji kitambaa machoni, afanye mazoezi jukwaani mpaka azikariri hatua za kutoka mlangoni hadi kitini. Kisha mfungue, aendelee kuyafuata masikio yake.

The Interview inakifaa kikundi kisicho na fedha, maana sehemu kubwa ni chumba cha mahojiano cha polisi. Mtuhumiwa anaingia na hofu, na kidogo kidogo hujui tena nani anamwendesha mwenziwe. Waigizaji wetu huanza kwa kupiga kelele, na aliyeanza juu hana pa kupanda. Chagueni mahali pamoja tu katika mswada pa kupaza sauti, mpawekee alama, na kabla ya hapo pasiwe na anayepaza.

V for Vendetta (2005) ni mtihani mwengine: uso wake hauonekani hata mara moja. Kinyago kina sura moja tu, kwa hiyo kazi yote inabebwa na sauti, shingo na mwanga. Anayevaa kinyago amalize kugeuza kichwa ndipo aseme. Akifanya yote mawili pamoja, mtazamaji hajui nani anazungumza. Kinyago pia huziba sauti. Rekodini maneno upya chumbani, bila kinyago, simu ikiwa shubiri moja pembeni mwa mdomo. Ikiwekwa mbele, pumzi za "p" na "b" huigonga maikrofoni. Mnaporekodi nje, msimu wa kusi hasa, ifunikeni kwa sponji, la sivyo mtasikia upepo tu.

Sikubaliani na wanaoisifu zaidi Cloud Atlas (2012), ambamo alicheza wahusika sita, muuguzi wa kike akiwemo. Rangi na mapambo ya uso yamemzidi nguvu. Tazameni badala yake Hacksaw Ridge (2016), ambamo ni baba mlevi aliyevunjwa na Vita Kuu ya Kwanza. Mlevi wa jukwaani kwetu hupepesuka tangu mlangoni. Mlevi halisi hujitahidi kusimama wima na kutamka sawasawa, na ile jitihada ndiyo inayomfichua.

Ubaya wetu mkubwa ni kumfunga mtu katika nafasi moja: aliyewahi kuwa mzee mkali huwa mzee mkali mpaka anastaafu. Kikundi kinachoandaa filamu ya kupeleka ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar, kichukue onyesho la kurasa mbili, waigizaji wawili walicheze, kisha wabadilishane nafasi, bila maleba wala rangi. Muongozaji akae amewapa mgongo, asikilize tu. Asipotambua wamebadilishana, maleba yasigawiwe bado. Warudi kwenye sauti.

Mwalimu wa maigizo,
Chake Chake, Pemba