Risala ya Klabu ya Fasihi na Sanaa kwa Mgeni Rasmi

Ndugu Mgeni Rasmi,
Mkuu wa Shule, walimu, wazazi na wanafunzi wenzetu,

Tunakushukuru kwa kuitikia mwaliko wetu. Karibu sana.

Ndugu Mgeni Rasmi, muhula huu tumemsoma mshairi na mhakiki Théophile Gautier wa Ufaransa, aliyezaliwa Tarbes mwaka 1811 na kukulia Paris. Alianza kwa kujifunza uchoraji, kisha ushairi ukamteka. Tarehe 25 Februari 1830, tamthilia ya Victor Hugo iitwayo Hernani ilipooneshwa kwa mara ya kwanza na ukumbi ukajaa makelele ya waliopinga na walioshangilia, Gautier, kijana wa miaka 18, alikuja kumtetea Hugo akiwa amevaa kizibao chekundu. Kizibao hicho watu hawakukisahau.

Mwaka 1836 aliingia gazeti la La Presse, na tangu hapo riziki yake ikatokana na uhakiki: picha, tamthilia, na baleti, yaani dansi ya jukwaani inayosimulia kisa. Makala zilidaiwa bila kukoma, awe na hamu au asiwe nayo. Wapo wanaosema gazeti lilimmaliza mshairi. Sisi hatukubaliani nao. Mhakiki huyo aliyekaa ukumbini akiwatazama wachezaji ndiye aliyeshirikiana na mwandishi Vernoy de Saint-Georges mwaka 1841 kuandika kisa cha baleti ya Giselle: binti wa kijijini anakufa kwa kusalitiwa, lakini mzuka wake unamkinga yule yule aliyemsaliti mpaka alfajiri. Inachezwa hadi leo. Na mashairi mengi ya diwani yake ya mwaka 1852, Émaux et Camées, yana beti za mishororo minne, kila mshororo mizani 8, kipimo cha utenzi wetu, ingawa vina vyake hupishana. Tulipohesabu mizani kwa vidole darasani, tulifurahi mno.

Mshairi wa Kifaransa Baudelaire alimtabarukia Gautier diwani yake mwenyewe mwaka 1857. Gautier alifariki mwaka 1872, akiwa ameandika pia riwaya na habari za safari.

Ndugu Mgeni Rasmi, shuleni kwetu tunachora, tunaimba na kuigiza, lakini hakuna anayeandika juu ya kazi hizo. Mchezo ukiisha, umekwisha. Tunaomba utusaidie kupata karatasi na wino wa kuchapia jarida la klabu, pamoja na nauli ya kwenda kutazama maonesho mjini, ili tujifunze kuhakiki tulichokiona kwa macho yetu.

Tunaomba kuwasilisha.