Barua ya wazi kwa Mkurugenzi wa Hakimiliki: kisanduku kimoja hakinitoshi

Ndugu Mkurugenzi,

Yah: Usajili wa msanii mwenye kazi mbili

Fomu yenu inauliza, "Kazi yako ni ipi?" Chini yake pana kisanduku kimoja. Mimi hutunga muziki wa filamu, na filamu hizohizo ndizo ninazozitengenezea efekti za picha, yaani kuongeza au kufuta vitu kwenye picha kwa kompyuta. Nilipoandika zote mbili, karani alinirudishia fomu nichague moja.

Nikachagua muziki. Si kwa mapenzi, ni kwa pesa. Filamu ikirushwa kwenye televisheni miaka kumi baadaye, mtunzi hudai mirabaha, yaani malipo ya kila kazi yake inapotumika. Aliyefuta waya uliomning'iniza mwigizaji, au aliyejaza bahari ndani ya bwawa la studio, kwa kawaida amelipwa mara moja, basi. Februari 2013 filamu ya Life of Pi ilipata Oscar ya efekti; mwezi huohuo Rhythm & Hues, studio iliyofanya sehemu kubwa ya efekti hizo, iliomba kufilisika.

Karani wako aliniuliza kama hizi si fani mbili zisizojuana. Zinajuana sana. Filamu huenda kwa fremu, yaani picha mojamoja, 24 kila sekunde. Nikiweka mwendo wa mapigo 120 kwa dakika, kila pigo huchukua fremu 12 kamili. Nikiusogeza mlipuko fremu tano mbele, ngoma nayo haina budi kuufuata. Wangekuwa watu wawili wangeandikiana wiki nzima. Mimi huyamaliza kitini pangu. Halafu kuna kunyamaza: picha ikishajaa cheche na vumbi, najua muziki ubaki fidla moja tu, kwa kuwa cheche hizo nimezipanga mwenyewe. (Hasara ipo pia. Nimewahi kukabidhi muziki mbovu, umetungwa kwa siku mbili, kwa sababu kompyuta ilikuwa bado inarenda mawingu, yaani inayachora fremu kwa fremu.)

Wala jina moja kutokea mara mbili kwenye orodha ya waliotengeneza filamu si ajabu. John Ottman aliihariri filamu ya The Usual Suspects ya 1995 na kuitungia muziki.

Kinachoniuma zaidi ni mkataba. Mtayarishaji mmoja alinipa karatasi yenye malipo ya jumla, bila kutenganisha muziki na picha. Filamu ilipouzwa, nikaulizia mirabaha yangu. Akasema ilishamezwa na hela ya efekti. Sikuwa na mstari hata mmoja wa kumwonyesha. Kosa langu, nakubali, nilitia sahihi. Lakini mikataba ya namna hiyo inazunguka kwa wengi, na vijana wanaoanza huiona ya kawaida.

Kwa hiyo naomba fomu ikubali kazi zaidi ya moja, na ofisi yako itoe mfano wa mkataba ambamo muziki na efekti kila kimoja kina malipo yake na haki zake. Fomu yangu nitaileta tena Jumatatu, imejazwa kama mara ya kwanza.

Wako,

Mtunzi wa muziki wa filamu,
Mtengenezaji wa efekti za picha