Kesi ya nyani isipelekwe kwa ngedere

Mhariri,

Kijana wetu akituambia anajiunga na jeshi la Marekani, sisi wazazi Waswahili tuishio hapa Texas huuliza mshahara na karo ya chuo. Hatuulizi: akidhalilishwa kingono na mkubwa wake, atamshtakia nani?

Kwa miaka mingi jibu lilikuwa kamanda wake, huyo huyo anayempa likizo na kumpendekeza cheo, na pengine ni rafiki wa mtuhumiwa. Vanessa Guillén, binti wa Houston mwenye miaka 20, aliuawa na askari mwenzake kambini Fort Hood Aprili 2020. Mwaka uliofuata jeshi lenyewe lilikiri kwamba kabla ya hapo alibughudhiwa kingono na msimamizi wake (siye aliyemuua), na viongozi waliopewa habari hawakuchukua hatua.

Kilio cha familia yake kilizaa sheria. Tangu Desemba 2023, uamuzi wa kushtaki kesi za ubakaji uko kwa wanasheria maalumu wasio chini ya makamanda hao. Hatua nzuri, ila imechelewa mno. Na bado hukumu ya Mahakama Kuu ya Marekani ya 1950, iitwayo Feres, humzuia askari kuidai serikali fidia kwa madhara yatokanayo na utumishi. Mahakama zimeitumia hata dhidi ya waliobakwa! Bunge la Marekani liifute.

Jambo moja wengi hawalijui, hasa wanaume waliodhalilishwa kingono jeshini wakanyamaza: Idara ya Maveterani hutibu madhara hayo bure, hata kama hukuripoti popote.

Mzazi wa askari,
Houston, Texas