Barua ya wazi kwa Spika wa Bunge la Ujerumani: Marie Juchacz alikuwa fundi cherehani

Mheshimiwa Spika,

Nakuandikia kwa Kiswahili ili na wenzangu wasome; nakala ya Kijerumani nimeituma ofisini kwako. Mimi ni fundi cherehani hapa Berlin. Napunguza suruali, nabadilisha zipu, na jioni nafunga duka vidole vimechomwachomwa na sindano. Ombi langu linamhusu fundi mwenzangu.

Ikifika tarehe 19 Februari, Marie Juchacz hutajwa kama mwanamke wa kwanza kuhutubia bunge la taifa la Ujerumani, mjini Weimar, mwaka 1919. Alianza kwa kusema "Mabwana na mabibi", na ukumbi ukaangua kicheko. Kinachoniuma ni kwamba masimulizi mengi huanzia hapo jukwaani, kana kwamba kabla ya siku ile hakuwa mtu.

Alizaliwa mwaka 1879 Landsberg an der Warthe, mji ambao leo uko Poland. Baba yake alikuwa seremala. Shule aliiacha na miaka 14, akawa mtumishi wa ndani, akaingia kiwandani, akahudumia wagonjwa wa akili, ndipo akajifunza kushona. Mwaka 1906, ndoa ikiwa imemshinda, alikuja Berlin na watoto wake wawili na mdogo wake Elisabeth, wakawa wanashona nyumbani ili wale. Sisi tunaolipwa kwa kipande tunayajua maisha hayo: mtoto anachemka homa usiku, nawe huku unamkanda, huku unazihesabu kola ambazo hujazimaliza na mwenyewe anazitaka asubuhi.

Tena hadi mwaka 1908 sheria ya Prussia, dola ya Kijerumani ya enzi hizo iliyokuwa na Berlin, haikumruhusu mwanamke kujiunga na chama cha siasa. Ilipobadilika tu, Marie akaingia SPD, chama cha kisoshalisti cha wafanyakazi, mwaka huohuo. Mwaka 1919 walichaguliwa wote wawili, yeye na Elisabeth, miongoni mwa wanawake 37. Chumba kimoja cha washonaji kilitoa wabunge wawili, Mheshimiwa!

Hotuba yake niliisoma nimesimama kwenye meza ya kupigia pasi, pasi ikapoa. Hakushukuru. Alisema wanawake hawana deni la shukrani kwa serikali kwa kupewa haki ya kupiga kura, kwani wamepewa kilicho chao, walichokuwa wamenyimwa bila haki. Niliisikia sauti ya mtu aliyewahi kupeleka kazi iliyokamilika, akasimama mlangoni kudai ujira wake. Desemba mwaka uleule alianzisha Arbeiterwohlfahrt, shirika la ustawi wa wafanyakazi, na humo msaada ukawa haki ya mhitaji, si sadaka. Wanazi walipotwaa madaraka alikimbia, akafika hadi New York. Alirudi mwaka 1949, akafariki Düsseldorf mwaka 1956.

Mnara wake wa kumbukumbu uko Mehringplatz, hapa Berlin, nami hupita pale nikienda kununua uzi. Mnara tunao. Ninachoomba ni viti. Tarehe 19 Februari ijayo, waalike bungeni washonaji, wahudumu wa wazee na watumishi wa ndani, na mmoja wao apewe dakika tano za kusema kazi yake ikoje na inalipa nini. Kama hujui uanzie wapi, anza na wanawake wanaopiga deki ofisi zenu wabunge wakiwa bado wamelala.

Wako,
Fundi cherehani, Berlin