Barua kwa mwanangu: bei halisi ya nyumba ya mkopo

Mwanangu mpendwa,

Salamu nyingi kutoka Morogoro. Sisi hatujambo, na baba yako ameanza tena kwenda shambani ingawa daktari alimsihi apumzike. Nimezisoma karatasi za benki mlizonitumia kuhusu ile nyumba ya Goba, kisha nikazirudia nikiwa na kikokotoo mkononi, na nimeona ni heri nikuandikie kuliko kuzungumza kwa simu, kwa sababu tarakimu zikitajwa kwa mdomo hupita haraka, na zinazobaki masikioni ni zile zinazofurahisha tu. Sikukatazi kukopa. Nataka ujue nyumba hiyo itakuwa imewagharimu shilingi ngapi siku mtakapokabidhiwa hati isiyo na rehani, maana katika kurasa zote hizo imetajwa bei, ikatajwa riba, likatajwa na rejesho la mwezi, lakini jumla haimo.

Bei ni Sh milioni 120. Ninyi mtatoa milioni 20 za akiba yenu, na benki itatoa milioni 100 kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka, inayohesabiwa kwenye salio linalopungua, kwa muda wa miaka 20. Rejesho la kila mwezi ni Sh 1,391,256. Afisa mikopo amelipigia mstari rejesho hilo, na wewe umeandika pembeni kwa mkono wako, "Tunaweza." Ni kweli, kwa mishahara yenu miwili mnaweza. Sasa zidisha kiasi hicho kwa miezi 240. Utapata takriban Sh milioni 333.9, yaani ile milioni 100 ya mkopo pamoja na riba ya milioni 233.9. Ongeza na akiba yenu ya milioni 20, na nyumba inayouzwa kwa milioni 120 mtakuwa mmeinunua kwa karibu milioni 354, kabla ya kuhesabu gharama nyingine nitakazozieleza mbele kidogo.

Wengi wakiona hesabu hiyo hudhani benki imewaibia, na hapo ndipo ninapotaka uelewe utaratibu wenyewe, kwa sababu hakuna wizi wowote ndani yake. Asilimia 16 ya milioni 100 ni milioni 16 kwa mwaka, sawa na Sh 1,333,333 kwa mwezi. Mwezi wa kwanza mtakapolipa Sh 1,391,256, benki itachukua kwanza riba yake yote, na kitakachobaki kupunguza deni la msingi ni Sh 57,923 tu. Riba hula kwanza, deni hulamba sahani. Mwezi wa pili deni limepungua kidogo mno, kwa hiyo riba nayo inapungua kidogo mno, na mwendo huo huendelea kwa miaka. Katika mwaka wa kwanza mzima mtakuwa mmelipa karibu milioni 16.7, na deni litakuwa limepungua kwa kama Sh 748,000. Baada ya miaka mitano mtakuwa mmeshatoa zaidi ya milioni 83, lakini mtadaiwa bado milioni 94.7. Baada ya miaka kumi, nusu kamili ya safari, mtakuwa mmelipa milioni 167 na mtadaiwa milioni 83. Deni halitafika nusu yake mpaka mwishoni mwa mwaka wa kumi na sita.

Tafadhali usipite haraka kwenye aya hiyo, kwa sababu inaeleza jambo ambalo watu hulitambua wakiwa wamechelewa: anayeuza nyumba yake katika mwaka wa tano, labda kwa kuhamishwa kazi au kwa kuachana na mwenzake, huona kwamba karibu fedha yote aliyolipa ilikuwa kodi ya kutumia fedha ya benki, na deni limebaki karibu kama lilivyokuwa. Kama mna wazo lolote la kuhama Dar es Salaam ndani ya miaka michache ijayo, mkopo huu hauwafai, hata kama nyumba yenyewe inawafaa.

Kinachopandisha gharama kuliko kitu kingine chochote mnachoweza kukiamua ninyi wenyewe ni muda. Umeniambia kwamba benki iko tayari kuwapa miaka 25 ili mpumue. Nimeipiga hesabu hiyo pia. Rejesho litashuka hadi Sh 1,358,889, kwa hiyo mtapumua kwa Sh 32,367 kila mwezi, na kwa nafuu hiyo ndogo mtaongeza karibu milioni 74 kwenye jumla mtakayolipa. Sasa tazama upande wa pili. Mkikubali miaka 15, rejesho litapanda hadi Sh 1,468,701, ongezeko la kama elfu 77 kwa mwezi, na jumla itashuka hadi milioni 264.4. Elfu 77 kwa mwezi inawaokolea milioni 69.5! Mkiweza miaka 10, rejesho ni Sh 1,675,131 na jumla ni milioni 201. Nimewahi kufunga vitabu vya hesabu vya watu wengi katika kazi yangu, na bado tofauti hii hunishangaza kila ninapoiona.

Kama mnaogopa kujifunga kwa rejesho kubwa, na hofu hiyo ni ya busara kwa mtu mwenye watoto wadogo, ipo njia nyingine ambayo mimi naipendelea zaidi. Chukueni miaka 20 kwa karatasi, lakini lipeni zaidi kila mnapoweza. Mkiongeza Sh 200,000 juu ya rejesho kila mwezi tangu mwanzo, deni litakwisha katika miaka kumi na moja na nusu hivi, na mtakuwa mmeokoa takriban milioni 115. Mwezi mgumu ukija, mnarudi kwenye rejesho la kawaida bila kumwomba mtu. Lakini njia hiyo inategemea vifungu viwili vya mkataba ambavyo lazima mvisome kabla ya kusaini: kama kuna adhabu ya kulipa mapema, na kama fedha ya ziada itapunguza deni la msingi siku hiyohiyo au itawekwa tu kama rejesho la mwezi ujao. Jibu la kifungu cha pili likiwa baya, hesabu yote niliyokufanyia hapa haifanyi kazi.

Lipo pia neno moja katika ukurasa wa nne ambalo sijui kama mmeliona: riba "inaweza kubadilishwa". Ikipanda kutoka asilimia 16 hadi 18 mwanzoni mwa mkopo, rejesho lenu litakuwa Sh 1,543,312, yaani zaidi ya laki moja na nusu juu ya mlilolizoea. Msidhani pia kwamba riba yenu itafuata matangazo ya Benki Kuu. Tangu Januari 2024 Benki Kuu ya Tanzania imekuwa ikitangaza Riba ya Benki Kuu, ilianza na asilimia 5.5, ikapanda hadi 6 Aprili mwaka huohuo, ikashuka hadi 5.75 Julai 2025, na mtu anaposikia namba hizo huuliza kwa nini yeye anatozwa 16. Riba hiyo ni mwongozo wa bei ya fedha za muda mfupi sana ambazo mabenki hukopeshana. Fedha ya kukukopesha wewe kwa miaka 20 ni jambo jingine: amana nyingi za wateja ni za muda mfupi, na Serikali yenyewe inakopa kwa hati fungani za miaka 20 na 25, kwa hiyo benki ina mkopaji mwingine wa muda mrefu asiye na mashaka, na haiwezi kukukopesha wewe kwa bei ya chini kuliko yeye. Ndiyo maana ilianzishwa TMRC, kampuni ya kuyakopesha mabenki yanayotoa mikopo ya nyumba, mwaka 2010, ili kuyapa mabenki fedha za muda mrefu kwa ajili ya mikopo ya nyumba. Imesaidia kurefusha muda wa mikopo, jambo ambalo, kama ulivyokwisha kuona, si neema tupu.

Mkwe wangu aliniambia kwamba mfumuko wa bei utalila deni, kwamba milioni moja na laki nne ya leo itakuwa fedha ndogo baada ya miaka kumi na tano. Ana haki kwa sehemu. Mishahara ikipanda, rejesho la mwishoni litakuwa jepesi kuliko la mwanzoni. Lakini mfumuko wa bei nchini ulikuwa asilimia 3.8 mwaka 2023 na asilimia 3.1 mwaka 2024, na riba yenu ni 16. Kinachobaki baada ya kutoa mfumuko ni zaidi ya asilimia 12 kila mwaka, na hicho hakiliwi na kitu. Ili nyumba yenyewe iwalipe, thamani yake ingebidi ipande kwa kasi ya kufanana na hiyo, na kiwanja cha Goba kinaweza kupanda hivyo kwa miaka kadhaa lakini jengo lenyewe huchakaa.

Gharama nyingine nitazipitia kwa ufupi, maana ni ndogo zikilinganishwa na riba, ila huja zote kwa pamoja na mwanzoni, wakati akiba mmeshaitoa: ada ya kushughulikia mkopo, malipo ya mthamini, wakili, ushuru wa stempu, usajili wa rehani kwa Msajili wa Hati, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto. Bima hizi mbili zitadaiwa katika kipindi chote cha mkopo, kwa hiyo ulizeni kama zimo ndani ya rejesho au ziko nje. Baada ya hapo kuna kodi ya ardhi ya kila mwaka, kodi ya jengo inayokatwa mnaponunua umeme wa LUKU, na matengenezo ambayo mpangaji humwachia mwenye nyumba.

Sasa mnalipa kodi ya pango ya laki tano kwa mwezi. Tofauti kati ya kodi hiyo na rejesho ni kama Sh 891,000, na mkiiweka tofauti hiyo kila mwezi kwa miaka kumi, bila faida yoyote juu yake, mtakuwa na milioni 106.9. Kwa fedha hiyo watu wengi hapa kwetu wangenunua kiwanja na kujenga kidogo kidogo, msingi mwaka huu, kuta mwaka ujao, na wangehamia kabla ya kupaua vyumba vyote. Siwezi kukudanganya kwamba njia hiyo haina gharama. Kodi ya pango hupanda, saruji na nondo hupanda, fundi huondoka na mifuko, na wapo waliokaa na boma lisilo na paa mpaka miti ikaota ndani. Tena kuweka laki nane na tisini kila mwezi bila kulazimishwa na mtu ni kazi ngumu kuliko inavyosikika, wakati mkopo una nguvu ya kukulazimisha. Ukinitaka nichague, ningejenga. Lakini ninyi mnafanya kazi kutwa, hamna wa kusimamia mafundi, na watoto wanahitaji kuishi karibu na shule sasa, si baada ya miaka minane. Hizo ni sababu za kweli, na mtu anaweza kuzilipia, mradi ajue anazilipia kiasi gani.

Kuhusu ushauri wa shangazi yako wa kwenda benki ya Kiislamu, usiupuuze. Katika murabaha benki hununua nyumba na kukuuzia kwa bei ya juu inayotajwa siku ya kwanza, unayoilipa kwa mafungu. Huenda bei hiyo isiwe ndogo kuliko mkopo wa riba, lakini inakuwa imeandikwa yote mahali pamoja, nawe unaweza kuiweka kando ya zile milioni 333.9 na kulinganisha.

Kwa upande wa sheria nina mambo mawili. Sheria ya Ardhi inataka ridhaa ya mwenza kabla ya nyumba ya ndoa kuwekwa rehani, kwa hiyo utaletewa karatasi ya kusaini hata kama mkopaji atakuwa mumeo peke yake. Usisaini kwa sababu tu afisa ana haraka. Pili, mkishindwa kulipa, benki hutoa taarifa ya maandishi, na muda wa siku 60 ukipita bila ninyi kurekebisha, inaweza kuuza nyumba bila kwanza kwenda mahakamani. Kwa sababu hiyo nisingependa mtoe akiba yote kama malipo ya mwanzo. Bakini na fedha ya marejesho ya miezi sita isiyoguswa, hata kama itamaanisha kununua nyumba ya bei ndogo kidogo.

Nenda benki wiki hii ukaombe jedwali lote la marejesho, miezi yote 240, likionyesha riba na deni la msingi kwa kila mwezi, na uombe jingine la miaka 15. Ni haki yako, na wanaweza kulichapisha kwa dakika chache. Waulize kwa maandishi kuhusu malipo ya mapema, na kuhusu lini na kwa kipimo gani wanaweza kubadilisha riba. Yote hayo nitumie kabla hamjasaini, pamoja na ukurasa wa sita ambao haukuonekana vizuri kwenye picha. Muuzaji akisema hawezi kusubiri siku kumi, mwache atafute mnunuzi mwingine.

Msalimie mkwe wangu na wajukuu.

Mama yako